Watunzi wa muziki wa Ujerumani na Austria: Safari ya kutoka utumishi hadi uhuru

WAIMBAJI wengi wa kwaya humu nchini wanaujua wimbo wa "Haleluya" wa Handel. Huimbwa makanisani wakati wa Krismasi na Pasaka, na si ajabu kumpata mtu aliyeikariri sauti yake tangu mwanzo hadi mwisho bila kujua aliyeutunga wimbo huo alikuwa nani, wala aliishi vipi.

Handel ni mmoja tu katika safu ndefu ya watunzi waliozaliwa katika nchi ambazo leo zinaitwa Ujerumani na Austria, kati ya karne ya 17 na ya 19. Majina ya Bach, Haydn, Mozart, Beethoven, Schubert na Brahms hayakosi kutajwa kila muziki wa kale wa Ulaya unapozungumziwa.

Sifa hizo zote, hata hivyo, huficha swali moja ambalo kila msanii hulijua vyema: mtunzi wa muziki hula nini? Ukiyachunguza maisha ya watu hawa utagundua kwamba walipambana na swali hilo tangu ujanani hadi kaburini, na kwamba majibu yao ndiyo yaliyoubadilisha muziki wenyewe.

Nchi ya makabaila wengi

Wakati huo Ujerumani haikuwa dola moja. Ilikuwa mkusanyiko wa falme, himaya ndogondogo za makabaila, maeneo ya maaskofu na miji iliyojitawala. Kila kabaila alitaka kuwa na okestra yake, kama vile alivyotaka kuwa na farasi wazuri na bustani ya kupendeza. Kila mji nao ulihitaji mpiga kinanda wa kanisa na mwalimu wa kwaya.

Kwa sababu hiyo kazi za muziki zilikuwa nyingi, na ufundi ulirithishwa katika koo jinsi uhunzi au useremala unavyorithishwa. Lakini mwanamuziki alikuwa mtumishi. Aliajiriwa, akavishwa sare, akaamriwa cha kutunga, na hakuruhusiwa kuondoka bila idhini ya bwana wake.

Bach: Mtumishi wa kanisa na jiji

Johann Sebastian Bach alizaliwa mjini Eisenach mnamo Machi 1685, katika ukoo uliokuwa umetoa wanamuziki kwa vizazi kadhaa. Kabla hajatimiza umri wa miaka 11 alikuwa yatima wa baba na mama, akalelewa na kaka yake mkubwa aliyekuwa mpiga kinanda wa kanisa huko Ohrdruf.

Baada ya kuhudumu katika makanisa ya Arnstadt na Mühlhausen, aliingia katika utumishi wa kabaila wa Weimar mwaka wa 1708. Alipopata kazi nzuri zaidi huko Köthen na kushikilia aachiliwe, bwana wake alikasirika akamtia kizuizini. Bach alikaa ndani kuanzia Novemba 6 hadi Desemba 2, 1717, ndipo akafunguliwa na kufutwa kazi.

Mnamo 1723 alihamia Leipzig kuwa mwalimu wa muziki wa Kanisa la Mtakatifu Thomas. Wakuu wa jiji hawakumtaka sana. Walikuwa wamewakusudia kwanza Telemann na Graupner, ambao hawakupatikana. Katika miaka yake ya mwanzo huko alitunga kantata, yaani utungo wa kuimbwa ibadani, karibu kila wiki. Takriban kantata 200 zimesalia hadi leo.

Sehemu ya mapato yake ilitokana na ada za harusi na mazishi. Katika barua aliyomwandikia rafiki yake mwaka wa 1730 alilalamika kwamba hewa ya Leipzig ikiwa safi, mazishi hupungua na kipato chake hushuka. Huenda msomaji akatabasamu, lakini Bach alikuwa na nyumba kubwa ya kulisha. Alizaa watoto 20 na wake wawili, na 10 kati yao ndio waliofikia utu uzima.

Alifariki Julai 28, 1750, akiwa amepofuka, miezi kadhaa baada ya kupasuliwa macho na tabibu Mwingereza, John Taylor. Mjane wake, Anna Magdalena, ambaye kwa miaka mingi alikuwa akinakili tungo za mumewe kwa mkono, alifariki mwaka wa 1760 akiishi kwa sadaka za jiji.

Kwa umma, Bach alisahaulika kwa kiasi kikubwa. Ni mwaka wa 1829 ambapo Felix Mendelssohn, kijana wa miaka 20, aliongoza jijini Berlin utungo wake mkuu kuhusu mateso ya Yesu kwa mujibu wa Injili ya Mathayo. Tangu siku hiyo jina la Bach halijazama tena.

Handel: Aliyeuza tikiti

George Frideric Handel alizaliwa Februari 1685 mjini Halle, mwezi mmoja tu kabla ya Bach na katika mji usio mbali na Eisenach. Hata hivyo, wawili hao hawakuwahi kuonana.

Wahenga walisema mcheza kwao hutuzwa, lakini Handel alitafutia tuzo ugenini. Alikwenda Italia, kisha akalowea London, ambako alipewa uraia wa Uingereza mwaka wa 1727. Huko alitunga na kuandaa opera, yaani michezo ya kuigiza inayoimbwa, akitegemea watu wa mjini wanunue tikiti. Biashara hiyo ilimpandisha na kumwangusha mara kadhaa.

Opera za Kiitaliano zilipopoteza wateja aligeukia masimulizi ya Biblia yanayoimbwa kwa Kiingereza bila kuigizwa. "Masihi", utungo wenye ule wimbo wa "Haleluya", aliuandika kwa siku 24 mwaka wa 1741. Ulitumbuizwa kwa mara ya kwanza jijini Dublin mnamo Aprili 13, 1742. Pesa zilizopatikana ziligawiwa hospitali mbili na mfuko wa kuwakomboa wafungwa wa madeni, na wafungwa 142 wakaachiliwa.

Alipofariki mnamo 1759, Handel alikuwa tajiri. Alizikwa katika kanisa la Westminster Abbey, walikozikwa wafalme wengi wa Uingereza. Tofauti kati yake na Bach haikuwa ya kipaji. Ilikuwa ya mteja. Bach alilipwa na baraza la jiji, Handel alilipwa na umma.

Haydn: Soksi nyeupe na kandarasi

Joseph Haydn alizaliwa mwaka wa 1732 katika kijiji cha Rohrau nchini Austria. Baba yake alikuwa fundi wa magurudumu na mama yake aliwahi kuwa mpishi. Sauti yake tamu ilimpeleka akiwa mtoto katika kwaya ya Kanisa la Mtakatifu Stefano jijini Vienna. Sauti ilipovunjika aliondolewa, akaishi kwa kufundisha na kupiga muziki popote alipoitwa.

Mnamo Mei 1761 aliajiriwa na ukoo wa Esterházy, mojawapo ya koo tajiri zaidi katika himaya ya Austria. Kandarasi yake imehifadhiwa. Ilimtaka avae soksi nyeupe na shati safi, ajipake poda nyweleni, na afike sebuleni kabla na baada ya adhuhuri kuuliza iwapo bwana anataka muziki. Tungo zake zilikuwa mali ya kabaila, na hakuruhusiwa kumpa mtu yeyote nakala. Mshahara ulikuwa gulden 400 kwa mwaka.

Haydn hakuyachukia maisha hayo. Alikuwa na okestra nzuri ya kujaribia mawazo mapya kila siku, na hapo ndipo alipoikuza simfoni, yaani utungo mkubwa wa okestra wenye sehemu kadhaa. Simfoni zake zilizopewa nambari ni 104.

Alijua pia kumsemesha bwana wake kwa muziki. Inasimuliwa kuwa mwaka wa 1772 kabaila Nikolaus alikawia mno katika kasri lake la mashambani, na wanamuziki, ambao familia zao zilikuwa mbali, wakaanza kunung'unika. Haydn alitunga simfoni ambayo mwishoni wapigaji wanazima mishumaa na kuondoka mmoja baada ya mwingine, hadi wakabaki wawili wenye fidla. Kabaila alilielewa fumbo hilo na siku iliyofuata msafara ukafunga virago.

Kandarasi mpya ya mwaka wa 1779 ilimruhusu kuuza tungo zake kwa wachapishaji. Nikolaus alipofariki mwaka wa 1790, Haydn aliachiwa pensheni na akawa huru kusafiri. Alizuru London mara mbili, kati ya 1791 na 1795, na kuandika simfoni zake 12 za mwisho. Mtumishi wa jana akatunukiwa shahada ya heshima na Chuo Kikuu cha Oxford. Alifariki Vienna mnamo Mei 31, 1809, jiji hilo likiwa mikononi mwa majeshi ya Napoleon.

Mozart: Aliyeondoka kwa teke

Wolfgang Amadeus Mozart alizaliwa Salzburg mnamo Januari 27, 1756. Baba yake, Leopold, alikuwa mpiga fidla wa askofu mkuu aliyetawala mji huo. Akiwa na umri wa miaka sita, Mozart alitumbuiza mbele ya Malkia Maria Theresa jijini Vienna. Kisha, yeye na dada yake mkubwa, Maria Anna, walizungushwa Ulaya kwa zaidi ya miaka mitatu, wakipiga kinanda mbele ya wafalme. Dada huyo naye alikuwa na kipaji kikubwa, ila alipofikia umri wa kuolewa safari zake zilikomeshwa.

Aliporudi nyumbani, mtoto wa ajabu alikuta kuwa yeye ni mtumishi kama wengine. Askofu mkuu Colloredo alipokwenda Vienna mwaka wa 1781 alimwita Mozart amfuate. Mozart alimwandikia baba yake kwa uchungu kwamba mezani huketishwa na watumishi, chini ya wahudumu wa chumbani na juu ya wapishi.

Aliomba kuacha kazi. Baada ya majibizano ya wiki kadhaa, mnamo Juni 1781, Kabaila Arco, aliyekuwa afisa wa askofu, alimfukuza kwa teke. Kwa teke hilo Mozart akawa mtunzi wa kujitegemea, jambo ambalo wachache walikuwa wamelithubutu.

Mwanzoni mambo yalimnyookea. Alifundisha piano, aliandaa matamasha ya kulipia na kuuza tungo. Opera yake kuhusu harusi ya Figaro ilionyeshwa Vienna mwaka wa 1786 na ile ya Don Giovanni ikazinduliwa Prague mwaka uliofuata. Mnamo 1787 Mfalme Joseph wa Pili alimpa cheo cha utunzi chenye mshahara wa gulden 800, ilhali Gluck aliyemtangulia alikuwa akipewa 2,000.

Vita kati ya Austria na Waturuki vilivyoanza mwaka wa 1788 viliwatawanya makabaila waliokuwa wakinunua tikiti. Mozart alianza kumwandikia rafiki yake mfanyabiashara, Michael Puchberg, barua nyingi za kuomba mkopo. Mwaka wa 1791 hali ilipoanza kutengemaa aliugua, akafariki Desemba 5 akiwa na umri wa miaka 35. Misa ya wafu aliyokuwa akiitunga ilikamilishwa na mwanafunzi wake, Süssmayr.

Kinyume na wanavyodhani wengi, hakuna ushahidi kwamba mtunzi mwenzake, Salieri, alimpa sumu. Wala hakuzikwa kama fukara asiye na mwenyewe. Alizikwa jinsi wakazi wengi wa kawaida wa Vienna walivyozikwa chini ya kanuni za wakati huo, katika kaburi lisilo na jiwe la jina.

Aliyeokoa jahazi ni mjane wake, Constanze. Alipata pensheni kwa mfalme, akaandaa matamasha, na mwaka wa 1799 akauza miswada ya mumewe kwa mchapishaji André. Sehemu kubwa ya tungo za Mozart tulizo nazo leo ilipitia mikononi mwa mwanamke huyo.

Beethoven: Asiyeinama

Ludwig van Beethoven alibatizwa mjini Bonn mnamo Desemba 17, 1770. Baba yake, mwimbaji aliyezama katika ulevi, alishindwa kuitunza familia. Kufikia 1789 nusu ya mshahara wa mzee huyo ilikuwa ikipewa kijana Ludwig ili awalee wadogo zake. Mwaka wa 1792 alikwenda Vienna kusomeshwa na Haydn, na hakurudi tena.

Beethoven alikubali ufadhili wa makabaila lakini alikataa kuwa mtumishi wao. Mnamo 1806, alipotakiwa na mfadhili wake, Lichnowsky, awapigie piano maafisa wa jeshi la Ufaransa, alikataa katakata na kuondoka kwa hasira. Miaka miwili awali aliposikia kuwa Napoleon amejitangaza mfalme mkuu, alikuwa amelifuta jina lake kwenye simfoni ya tatu.

Mnamo 1809 wafadhili watatu, Rudolph, Lobkowitz na Kinsky, walitia saini mkataba wa kumlipa gulden 4,000 kila mwaka ili asihame Vienna. Hawakumwekea sharti la kutunga chochote. Lakini mtegemea cha nduguye hufa hali maskini. Mwaka wa 1811 sarafu ya Austria ilishushwa thamani, na mwaka uliofuata Kinsky akaanguka kutoka kwenye farasi na kufa. Ilibidi Beethoven aende mahakamani kudai haki yake.

Wakati huo huo alikuwa akipoteza uwezo wa kusikia. Mnamo 1802, akiwa Heiligenstadt, aliwaandikia ndugu zake barua ya kukiri kwamba alikuwa amefikiria kujiua, na kwamba sanaa pekee ndiyo iliyomzuia. Barua hiyo hakuituma. Ilipatikana baada ya kifo chake. Kuanzia 1818 wageni wake walimwandikia maswali kwenye daftari.

Simfoni yake ya tisa ilizinduliwa Mei 7, 1824. Makofi yalipolipuka, Beethoven alikuwa bado ameipa hadhira mgongo. Ilibidi mwimbaji Caroline Unger amshike na kumgeuza ili aone kile asichoweza kukisikia. Tamasha lilisifiwa sana, ila faida yake ilikuwa haba.

Alifariki Machi 26, 1827, na maelfu ya watu walijitokeza kumzika. Wimbo wa furaha uliomo katika simfoni hiyo ndio uliofanywa wimbo rasmi wa Jumuiya ya Ulaya mwaka wa 1985.

Schubert: Kipaji kisicho na mnunuzi

Miongoni mwa waliobeba mienge katika mazishi hayo alikuwa Franz Schubert, mzaliwa wa Vienna yenyewe, aliyezaliwa Januari 31, 1797. Alikuwa mwana wa mwalimu, na yeye pia alifundisha kwa muda katika shule ya baba yake. Mwaka wa 1815 pekee alitunga zaidi ya nyimbo 140, na maishani mwake zilizidi 600.

Schubert hakuwa na kabaila wa kumlipa, wala umaarufu wa kuuza tikiti. Alilala kwa marafiki na kuuza nyimbo kwa bei duni. Tamasha moja tu la hadhara lililojaa tungo zake mwenyewe lilifanyika Machi 26, 1828, na Novemba 19 mwaka huo huo akafariki akiwa na umri wa miaka 31. Simfoni yake isiyokamilika, aliyoiandika mwaka wa 1822, ilisikika kwa mara ya kwanza mnamo 1865. Huyu alicheza kwao, na tuzo ikaja kaburini.

Fanny: Jina lililofichwa

Kuna waliokosa hata nafasi ya kuombea kazi. Fanny Mendelssohn, aliyezaliwa mwaka wa 1805, alifunzwa muziki pamoja na kaka yake Felix, yule aliyemfufua Bach. Baba yao alimwandikia Fanny mwaka wa 1820 kwamba kwa Felix muziki huenda ukawa kazi, lakini kwake yeye utabaki pambo tu.

Baadhi ya nyimbo zake zilichapishwa kwa jina la kaka yake. Mwaka wa 1842 Malkia Victoria alimwimbia Felix wimbo alioupenda sana katika kitabu chake, na Felix akalazimika kukiri kuwa mtunzi halisi ni Fanny. Hatimaye Fanny alianza kuchapisha kwa jina lake mwaka wa 1846, na Mei 1847 akafariki ghafla. Felix alimfuata Novemba mwaka huo.

Kuelekea hakimiliki

Kufikia wakati wa Johannes Brahms, aliyezaliwa Hamburg mwaka wa 1833, mambo yalikuwa yamebadilika. Piano zilikuwa zimejaa majumbani na watu walinunua nota kwa wingi. Ngoma zake za mtindo wa Hungaria, zilizoanza kuchapishwa na Simrock mwaka wa 1869, ziliuzwa mno. Tangu 1875 hadi kifo chake mwaka wa 1897 hakuwa na mwajiri, na alikufa akiwa na mali.

Kilichobaki kilikuwa malipo ya utumbuizaji. Mnamo 1903 watunzi Richard Strauss na Hans Sommer, pamoja na Friedrich Rösch, walianzisha jijini Berlin chama cha watunzi wa Ujerumani kilichokusanya ada kila muziki wa wanachama wake ulipotumbuizwa hadharani. Yaani miaka 142 baada ya Haydn kutia saini kwamba muziki wake ni mali ya bwana, watunzi walikuwa wameungana kusema ni mali yao.

Kwa hiyo, kwaya itakaposimama tena kuimba "Haleluya", ni vyema kukumbuka kwamba nota zile hazikushuka kutoka mawinguni. Ziliandikwa na mtu aliyekuwa na kodi ya kulipa, na ambaye, kinyume na wenzake wengi, alibahatika kulipwa jasho lake akiwa hai.